Chuchunge Aliyepigana na Kioo

"Chuchunge wangu akiachia mdomo kwanza, nitamchomea mama mkwe ndizi zake za kuuza sokoni mpaka mvua ziishe!" Wichian kinyozi alitangaza hayo kwenye kipaza sauti cha hekalu, akimpokonya mtu aliyekuwa akimtangaza mtoto aliyepotea.

Tulishangilia. Mama mkwe wake, Lamduan, akasema tu, "Nitaleta wangu."

"Yupi, mama? Yule mla viluwiluwi wa mbu kwenye beseni lako la mayungiyungi?"

"Huyohuyo. Aproni nitakufulia."

Mchezo wenyewe ni huu: chuchunge madume wawili, visamaki vyembamba kama njiti, bakuli moja. Wanang'atana midomo, anayeachia na kukimbia kashindwa. Wa Wichian hakuwahi kukimbia. Alikuwa akilelewa kwenye chungu cha udongo, gizani, asione dume mwenzake, hasira zimjae taratibu.

Lakini sifa zikampanda kinyozi kichwani. Wiki ya pambano akamhamishia bingwa kwenye chupa ya achari, akaiweka kwenye rafu, wateja wamwone. Rafu yenyewe iko chini ya kioo cha kunyolea.

Mimi nilikuwa kitini, nimenyolewa upande mmoja.

"Kaka Wichian, samaki wako anapigana na nani?"

"Yuko mazoezini."

"Na nani, kaka?"

Akageuka. Bingwa alikuwa akimvamia yule dume wa kwenye kioo, ta! ta! akijigonga kwenye chupa tangu asubuhi, na mwenzake hana hata dalili ya kuchoka. Ncha ya mdomo ilikuwa imepinda kama ndoano. Wichian akalivuta taulo shingoni mwangu, akakifunika kioo. Upande wa pili nilijinyoa mwenyewe.

Siku ya pambano wakang'atana vizuri. Wichian alipiga magoti: "Shika, mwanangu! Shika, baba!" Mwanawe alijitahidi, jamani, lakini mdomo uliopinda ukateleza. Akachomoka, akaruka nje ya bakuli, akatua mapajani mwa Lamduan.

Bibi akamrudisha majini polepole. "Huyu anajua pa kukimbilia," akasema. "Wewe je?"

Ukipita langoni mwa soko utamwona kinyozi: aproni ya maua, anapepea makaa kwa lile taulo la kunyolea. Usimuulize habari za samaki. Ndizi tatu, baht ishirini.