Ustaarabu wa Kale Nyuma ya Nyumba Yangu

Naona haya hata kuianza habari hii, lakini kwa kuwa imeshatembea kutoka Bongwe hadi Msambweni, na kila anayeisimulia huitia chumvi yake, afadhali muisikie kwangu mimi mwenye aibu yenyewe, na mkitaka kucheka mcheke nikiwapo.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini, baada ya zile mvua za El Nino. Hoteli za Diani zilikuwa tupu, wageni hawaji, na mimi niliyekuwa karani wa stoo katika mojawapo nilikuwa nimerudishwa nyumbani mpaka hali itengenee (haikutengenea upesi). Nilichotoka nacho huko ni kitabu kinene cha picha alichokiacha mgeni mmoja chumbani, cha habari za ustaarabu wa binadamu tangu mwanzo wa dunia: Wamisri na maiti zao zilizofungwa vitambaa, watu wa Babeli na matofali yao ya udongo, Wachina, Warumi, na wale wa Amerika waliokuwa wakihesabu nyota. Nilikisoma nikakirudia, na kwa kuwa sikuwa na kazi nyingine nikaanza kuwasomesha watu. Mke wangu Mwanaisha akiniambia unga umekwisha, mimi namweleza jinsi Wamisri walivyoweka akiba ya nafaka. Mkiniuliza alinivumilia vipi, sijui.

Sasa mvua zile zilikuwa zimekiangusha choo chetu. Na binti yetu Rehema alikuwa ameletewa posa na kijana wa Msambweni, mwalimu, mtoto wa watu wenye heshima zao, na wazee wake walikuwa waje Jumamosi kwa mazungumzo. Rehema alimtaka kijana yule kwa moyo wake wote, wiki ile hata chakula kilikuwa hakimpiti. Mama yake akaniambia, "Baba Rehema, sikuombi kingine. Wakwe wasije wakakosa mahali pa kwenda haja. Nichimbie choo."

Nikamwita Mutua, bwana wa Kikamba aliyehamia kwetu, mchimbaji hodari, nikamwonyesha pembe iliyofichika nyuma ya nyumba. Shimo lilipofika magotini jembe likagonga kitu. Tukaangalia, chungu! Kimefunikwa kigae, na ndani mna kitambaa cheusi kilichooza na vumbi jeusi kama majivu.

"Mzee, hii ni nyungu tu imezeeka," Mutua akasema. "Niitoe niendelee?"

Hapo, ndugu zangu, neno moja tu, "itoe", lingeniokoa. Lakini mimi kitambaa nilikiona, na picha za kitabu zikanijia kichwani zote kwa pamoja.

"Usiguse! Toka shimoni polepole."

Mutua akaruka nje. "Kuna nyoka?"

"Kuna ustaarabu," nikamjibu.

Akaniangalia, akafuta jembe lake, akaenda zake. Mimi nikalizungushia shimo kamba na makuti, nikakifunika chungu kwa shuka, na nikakataza mtu yeyote kukikaribia. Nilishaanza kuwaona watalii wakija kwangu kutoka Diani, na mimi na fimbo yangu nikiwaeleza. Mke wangu alipouliza habari ya choo nilimwambia mambo ya kale hayaharakishwi.

"Na wageni waende haja wapi? Babeli?"

Alikasirika hata hakutaka kukiangalia hicho chungu. Laiti angekiangalia.

Jumamosi ikafika. Mama mkwe wangu alikuwa amekuja asubuhi kutoka Matuga, akaingia moja kwa moja kwa wanawake wenzake, maana mimi na yeye kwa heshima zetu hatutazamani usoni, na tangu nimwoe binti yake tulikuwa tukisemeshana kwa kupitia kwa huyo binti. Wakwe nao wakaja: mjomba wa kijana, Mzee Kassim, na shangazi yake, Bi Saumu. Wakakaribishwa, wakanywa chai kwa mahamri, na mtu mwenye akili yake hapo angeketi akangoja posa izungumzwe. Mimi nikasimama na kanzu yangu nyeupe, nikasema, "Kabla ya mazungumzo, ningependa wakwe zangu waone hazina ya nyumba hii."

Nikawaongoza nyuma. (Bi Saumu alikuwa amemnong'oneza Rehema kumwuliza choo kiko wapi, basi alipoona watu wanaelekea nyuma akadhani ndiko, akafuata mbio mbio.) Nikaondoa shuka kwa madaha. Nikawaeleza kwamba hapa waliishi watu wa kale waliojua kufinyanga, kwamba kitambaa kile kilifanana sana na vya maiti za Misri, na kwamba lile vumbi jeusi lilikuwa chakula chao, mtama pengine. Mzee Kassim, ambaye alipenda elimu, akainama, akachota kidogo kwa vidole, akasugua, akanusa.

"Kweli," akasema. "Ni mtama."

Hapo ndipo tuliposikia kelele jikoni. Mama mkwe akatoka amejifunika leso nusu ya uso, amenipa mgongo, anamwita binti yake kwa sauti ya kuamsha mtaa.

"Mwanaisha! Mwambie mumeo akifukie chungu changu kama alivyokikuta!"

Na mimi, kwa kichwa changu kigumu, nikasema, "Mwambie mama hiki ni cha watu wa kale."

"Mwambie mtu wa kale ni mimi! Chungu changu, kaniki yangu, na kilichomo ni zalio la Rehema! Nimelizika kwa mkono wangu siku aliyozaliwa, yeye amekaa barazani anangoja kuambiwa ni mwana mke au mwana mume!"

(Nyinyi vijana mliozaliwa hospitali, zalio ni lile linalotoka baada ya mtoto. Kwetu lilizikwa na wanawake, na wanaume hatukuambiwa wapi, wala hatukuuliza.)

Mzee Kassim akaviangalia vidole vyake. Rehema, aliyekuwa mlangoni, akajifunika uso akakimbilia ndani, na kilio chake nilikisikia pale pale niliposimama. Mzee Kassim akavisugua vidole kwa mchanga, akasugua tena, akaiweka kofia yake sawa.

"Mkwe," akasema, "umeninusisha nini? Saumu, twende zetu."

Nikaiona ndoa ya mwanangu inaondoka.

Lakini Bi Saumu hakuondoka. Alikuwa analitazama shimo. "Hili lilikuwa la nini hasa?"

"La choo, dada," mke wangu akajibu kwa aibu.

"Mbona halikwisha?"

"Si huo ustaarabu wake!"

Bi Saumu akaanza kucheka, akacheka mpaka akashika ukuta. "Kaka, keti! Mtu huyu asingekuwa na wazimu wa vitabu, leo tungekuta choo juu ya zalio la mke wa mtoto wetu. Hilo ndilo lingenirudisha Msambweni. Tumekuja kuomba binti, hata hatujajibiwa, tumeshaonyeshwa mpaka alichozaliwa nacho! Nani amewahi kukaribishwa hivyo? Ila nielekezeni choo cha jirani jamani, nimecheka nimezidiwa."

Mzee Kassim akakubali kuketi, kwa sharti kwamba nikizike chungu kwanza, peke yangu, yeye akinitazama. Nikazika, na kanzu yangu ile ile, huku mama mkwe akitoa amri kupitia kwa mke wangu: mwambie polepole, mwambie asikanyage, mwambie na domo lake afukie humo humo.

Posa ilipokelewa. Lakini Rehema alinikasirikia kwa muda mrefu. Alinipa shikamoo yangu, akapita. Siku ile ilikuwa yake, nami niliichukua nikaifanya yangu, na hilo bado linaniuma kuliko vicheko vyote vya Msambweni, wanakoniita Mzee Misri mpaka leo. Nikajiapiza nisieleze tena kitu kilichotoka ardhini kabla sijawauliza wanawake wa nyumba.

Rehema alikuja kujifungulia kwetu mtoto wake wa kwanza. Wanawake walipotoka na chungu kipya nikainuka niende barazani kama ada. Mama mkwe akaita kutoka nyuma ya nyumba, "Mwanaisha, mwambie mumeo asiende popote. Aje apaone."

Nikamtazama Rehema dirishani, mtoto kifuani. Akanichekea, mara ya kwanza tangu siku ile, akasema, "Nenda, baba."

Nikaenda. Nikasimama pembeni, nikapaangalia vizuri, na sikumweleza mtu yeyote jambo lolote.