Aliyekufa kwa Niaba Yangu

Nakumbuka Buterere ya utoto wetu, mtaa wa pembeni mwa Bujumbura, kwa kuwashwa shingo, na nyinyi mliokulia kule mtanielewa. Nyuma ya kinu cha mpunga kulikuwa na lundo la makapi lililofika nusu ya ukuta, na kila tulipotoka shule tuliupanda ukuta huo kucheza filamu. Makapi yaliingia masikioni, ndani ya kaptula, mpaka kwenye ugali na ndagala nyumbani. Mama alinikung'uta kwa kitenge akisema, "Mi nilizaa mutoto wa kusoma, si wa kuvunja miguu."

Kwetu, akteri hakuwa kila anayeigiza. Akteri alikuwa shujaa peke yake, yule asiyekufa. Waliobaki wote walikuwa mabandi, na kazi yao ilikuwa kupigwa risasi na kuanguka toka ukutani hadi kwenye makapi. Mimi nilikuwa akteri siku zote. Wenzangu walidhani ni kwa sababu bunduki ya ubao ilikuwa yangu. Ukweli ni kwamba niliogopa ule ukuta, na akteri haanguki. Juma, rafiki yangu wa mlango wa pili, alikufa kwa niaba yangu kila jioni: kwa mgongo, kwa ubavu, kichwa chini.

"We Juma, kufa vizuri," nilimwamrisha.

"Nimekufa vibaya, patro? Nirudie?"

Alirudia, kama kibarua mbele ya bosi wake. Watoto wa siku hizi wanaruka mara moja, kisha wanakaa saa nzima kujitazama kwenye simu.

Sasa Juma anaishi kwa kuanguka. Anaanguka Kampala, anaanguka Nairobi, kutoka maghorofani na juu ya pikipiki, badala ya waigizaji wenye sura nzuri. Mimi nina lisansi ya uchumi, shahada ya chuo kikuu, na shati la kuombea kazi. Nikitazama filamu zake sioni hadithi; nawaza ni kuanguka kupi kungekuwa kwangu. Nani alimfundisha, kama si woga wangu? Halafu nafikiri: labda angejifunza hata bila mimi, na hilo linaniuma zaidi.

Siku tatu zilizopita alinitumia ujumbe wa sauti. Wanakuja kupiga filamu hapa Bujumbura. "Ndugu yangu, natafuta mutu wa kupima urefu na kukagua magodoro mbele ya mi kuruka. Hawa wote ni majasiri, wataniua. Mi nataka mutu mwenye kuogopa. Nikakuwaza we."

Nilicheka, kisha nikakasirika, kisha nikasikiliza tena na tena nione kama amenidharau.

Zamani mtu akikuita kutoka juu ya ukuta, ulijibu kwa mdomo au kwa miguu, na wivu uliisha mkinawa mikono kula. Siku hizi unaweza kunyamaza siku tatu, naye anaona kabisa kwenye simu yake kwamba umesikia. Leo nimemwandikia kwamba nitakuja. Nilikuwa nimeanza na neno hongera. Nimelifuta, nikaliandika, nikalifuta. Ujumbe umekwenda bila hilo neno.