Siku Nilipompima Waziri kwa Sukari Guru

Kuhani wa hekalu la mama mungu Dyamavva alikuja kwangu saa nne asubuhi. Akakataa hata kukaa.

"Hanumesh, kuna nadhiri imelala humu ndani. Sukari guru, uzito wa mtu mzima. Mtu wako kapata cheo, wewe kimya."

Nadhiri ile ilikuwa ya kweli. Na sikuwahi kumwambia mtu. Si mke wangu, si marehemu mama. Niliiweka moyoni mbele ya sanamu, midomo imefungwa, miaka kumi na minne nyuma.

Sasa huyu kajuaje?

Ngoja nirudi nyuma kidogo.

Miaka hiyo Viranagouda alikuwa anagombea bunge la jimbo letu la Karnataka, kusini mwa India, kwa mara ya kwanza. Hana gari lake, anazunguka na gari aina ya jipu la shemeji yake. Mimi ni mpima mizani soko la pilipili, shule niliishia darasa la sita, lakini gazeti nalisoma mpaka matangazo ya vifo.

Nikamwamini. Nilibeba bendera yake, nikashinda njaa kwenye jipu lake, nikapigwa jiwe la kichwa kwa ajili yake. Kovu ninalo.

Aliahidi kitu kimoja tu: bomba la maji ya mto Tungabhadra hadi kijijini kwetu, Kadlehatti. Visima vyetu vina floraidi. Meno ya watoto yanageuka kahawia, halafu mifupa inapinda.

Ndiyo maana nilimwambia Dyamavva: huyu akiwa waziri, nitamkalisha kwenye mizani hapa hapa mlangoni pako, nikutolee sukari guru ya uzito wake.

Akashinda. Akashinda tena.

Mara ya tatu alishinda kwa kura zetu, miezi minane baadaye akajifungia na wenzake kumi na sita kwenye hoteli moja ufukweni, simu zote zimezimwa. Walipotoka, serikali imeanguka, wao wana chama kipya, na yeye ni Waziri wa Maji.

Bomba likajengwa kweli. Likaenda kwenye mashamba ya miwa ya mabwana zake wapya. Limepita kilomita nne kutoka kwetu. Juani tunaliona linametameta.

Binti yangu Gangavva alikuwa na miaka tisa. Akitembea, magoti yanasuguana.

Nikafunga turubai njiapanda, mbele ya ofisi ya serikali. Tukakaa, wazee kwa wanawake. Kila siku nasimama na kipaza sauti nasoma ahadi zake, na tarehe, na alisimama wapi akizitoa. Watu walikuwa wanasema Hanumesh hasahau kitu. Nami nilijiona kidume.

Siku ya hamsini na tisa mkuu wa wilaya akatuma ujumbe: Jumatatu anakuja na wahandisi kupima tawi la bomba. Uchaguzi ulikuwa miezi miwili mbele. Tulikuwa tumewabana pabaya.

Kuhani alikuja kesho yake.

Alipoondoka, mke wangu Neelavva aliacha kupepeta mtama.

"Baba Gangavva, ni kweli?"

"Kweli."

"Ukaweka nadhiri, ukainyamazia, na mtoto miguu inapinda mbele ya macho yako?"

"Ni maji. Daktari kasema."

"Mtaa mzima wanakunywa maji hayo. Mbona wa kwetu ndiye asiyefika shuleni?"

Na kwetu nadhiri ni ya mama mungu, siyo ya mtu. Mtu akikugeuka, hiyo ni juu yako na yeye.

Neelavva aliuza vipuli vyake tununue sukari guru. Mimi nikaenda kwa adui yangu.

Msaidizi wake aliniona getini akacheka. "Bwana turubai. Kipaza sauti umekiacha wapi?"

"Nimekuja kuomba."

"Kuomba? Ngoja nimwite mheshimiwa aje asikie mwenyewe."

Viranagouda alitoka na kikombe cha chai. Amenenepa, pete nne. Nilimweleza, macho chini.

"Mdogo wangu," akasema, "mambo ya mungu hayana siasa. Jumamosi nakuja. Kimya kimya."

Alikuja na magari tisa na wapiga picha.

Nilitundika mizani yangu kwenye boriti ya hekalu. Neelavva aliivisha maua. Mheshimiwa akakaa upande mmoja, miguu kaikunja, nami upande wa pili napanga mabonge ya kilo moja moja. Hamsini. Sabini. Tisini na nne, ndipo akanyanyuka kutoka chini.

Desturi inataka uunganishe viganja na kuinama. Nikainama.

Kamera zikalia. Naye akaniinamia sikioni, anatabasamu.

"Kwenye jipu uliniambia itakuwa ile ya manjano. Hii mbona nyeusi?"

Nikabaki nimeinama.

Kwenye jipu. Siku ile ya jiwe, kichwa kimefungwa kitambaa, damu bado mbichi, nilimnong'oneza kwa fahari: kaka, nimekuwekea nadhiri. Sukari guru ya manjano. Naye akanishika bega: "Usimwambie mtu mwingine. Ikitangazwa inapungua nguvu."

Nami nikatii. Nikatii mpaka nikasahau kwamba kuna mtu anajua.

Gazeti la Jumapili: picha yangu nimeinama, yeye ananing'inia juu yangu kama sanamu. "Kiongozi wa turubai amshukuru waziri."

Jumatatu tulikuwa watatu njiapanda. Mkuu wa wilaya hakuja. Mzee Yamanurappa, mwenye turubai, alianza kulikunja bila kunitazama.

"Mzee, acha nikueleze."

"Ilikuwa tamu?" akauliza. Akalibeba begani akaondoka.

Viranagouda alishinda. Kuhani sasa ana pikipiki. Sukari guru waligawiwa watoto pale pale, na Gangavva alipata kipande, akakilamba hadi jioni. Ana miaka kumi na miwili sasa. Anatembelea fimbo.

Wewe unayepambana na mkubwa, usiishie kukumbuka alichokuahidi. Kaa chini ukumbuke ulichomwambia wakati ule unampenda. Yeye hajasahau.