Nyota ya Adhuhuri

Watu wanaoniambia kwamba Emajensi, ile hali ya hatari ya wakati wa Mau Mau, ilikuwa kazi ya wazungu na wanaume wa msituni peke yao hunipandisha hasira. Handaki la kuzingira kijiji chetu, huku Embu, tusiwapelekee wa msituni chakula, lilichimbwa na wanawake. Mimi nilikuwa msichana wa kushika jembe tayari, nikachimba kando ya mama yangu, na ile nyota ilizaliwa humo handakini, mikono yetu ikiwa na malengelenge.

Nyota za kweli tulikuwa tumenyimwa. Jua likishuka, kila mtu ndani, mlango umefungwa, na atakayechungulia ni risasi. Siku moja mwanamke mmoja akauliza kwa mzaha kama nyota bado ziko, ama nazo zimepelekwa kizuizini pamoja na waume zetu. Mama yangu, ambaye mdomo wake haukujua kupumzika, akamjibu, "Wee, za hapa zimefungwa. Lakini iko nchi ambako nyota hutoka adhuhuri."

Basi akaianza. Nchi hiyo iko nyuma ya mlima, ukipita Timau na baridi yake, uendelee mpaka njia iishe. Nyota yao ni moja tu. Ikitoka, kila aliyeshika jembe huliweka chini, na chifu naye huketi mavumbini kama wengine. Ikiwa juu, hakuna ruhusa ya kumpiga mtu. Mkono utakaoinuka hukauka. Bibi arusi hapelekwi kwa mumewe kabla hajaonyeshwa nyota, na mtoto hapewi jina mpaka nyota imwone uso. Mwongo akiitazama hutokwa machozi, kwa hiyo kesi zote husikizwa adhuhuri, na wazee wenye mambo yao hujifanya wagonjwa wa macho. Tulicheka hapo, jamani! Tulicheka vumbi likituingia kooni.

Kila siku mama aliongeza sheria, na wanawake walizishika barabara. Kwetu hadithi hurudishwa kama ulivyopewa. Bibi zetu hawakukubali upunguze hata neno, na aliyekosea alizomewa mpaka aanze upya. Halafu ukaingia mchezo. Jua likifika utosini, mmoja hunong'ona, "Imetoka!" Sote tunaweka majembe chini, tunatazama juu, tunavuta pumzi moja, tunainama tena. Pumzi moja tu! Hata punda hupewa zaidi.

Homgadi, mgambo wa serikali, aliyetusimamia alikuwa binamu ya baba. Baba alipopelekwa kizuizini, huyu ndiye aliyechukua mbuzi wetu, na bado alimwita mama shemeji bila haya. Akaona majembe yakilala pamoja na nyuso zote zikielekea juu.

"Shemeji, hicho ni kiapo cha Mau Mau," akasema.

"Shemeji, ni hadithi tu."

"Hadithi gani inalaza majembe?"

Akamkamata mama hapo hapo, akampeleka kambini kwao. Nyumbani alibaki kitinda mimba wetu, mtoto wa titi, ambaye ukimpa uji anautema na kulia mpaka anakuwa baridi. Nilimbeba mimi, nikijua kabisa kwamba mama asiporudi upesi mtoto huyu atanifia mgongoni.

Wanawake wakaitwa mmoja mmoja mbele ya mzungu mdogo wa serikali. Maskini, walitaka kumwokoa. Kila mmoja alisema ni hadithi, na ili aaminiwe akaisimulia yote, tangu njia ya Timau mpaka wazee wa macho. Waliisimulia vizuri, kama walivyolelewa. Neno kwa neno, sheria kwa sheria, hakuna aliyekosea. Mzungu akasikiliza, akasema kupitia mkalimani kwamba hadithi hubadilika kutoka mdomo hadi mdomo, na kinachokaririwa namna moja na watu wote ni kiapo. Mjinga yule! Nasema tena, mjinga! Hakumuuliza bibi ya mtu yeyote.

Wakamwambia mama, "Mtaje aliyekulisha kiapo, uende ukanyonyeshe." Kila mtu alijua mlisha kiapo hunyongwa. Mama akasema hayupo. Wakampiga nyayo. Akasema hayupo. Ndipo shemeji yake akatuma niitwe na mtoto, nisimame nje ya seng'enge ili mama amsikie akilia. Nilimwona mama upande wa pili, gauni limelowa maziwa kifuani, naye haruhusiwi kusogea. Shemeji alikuwa amekaa kwenye kigoda chake, anakula ndizi.

Mama alikuwa mtunzi. Akawatungia mtu. Alinieleza baadaye alivyomuunga vipande vipande makusudi, asipatikane duniani: mzee muuza asali wa upande wa Siakago, kiwete wa mguu wa kushoto, tena hana sikio la kulia. Jina hakumpa.

Wakamwachilia. Alitambaa mpaka kwangu, akamshika mtoto, akanyonyesha huku akicheka na kulia. "Waende wamtafute," akaniambia. "Watazeeka njiani." Nilifurahi kama mwehu. Mtoto alikuwa ameanza kunenepa tena asubuhi ile gari la serikali lilipokuja, tukaamriwa sote tusimame kando ya handaki.

Shemeji akamshusha mzee mmoja mwenye kibuyu cha asali shingoni. Alichechemea, mguu wa kushoto. Upande wa kulia wa kichwa alikuwa amefungwa kitambaa, na damu mbichi ilikuwa ikitiririka shingoni mpaka kwenye kamba ya kibuyu. Sikio hilo lilikatwa asubuhi hiyo hiyo. Hatukuhitaji kuambiwa.

"Shemeji, ndiye?" Kisha akamwangalia mtoto mgongoni mwa mama. "Ama ulitudanganya?"

Yule mzee akasogea karibu, akamkazia macho mama kwa adabu, akijitahidi kweli kumkumbuka.

"Mama yangu," akasema, "tulionana wapi? Nikumbushe."

Mama akasema, "Ndiye." Akamshusha mtoto mgongoni, akaketi chini, akampa titi.