Mkoba wa Mama Kwenye Kisiwa cha Watawa

Mama yangu haogopi mbwa, haogopi baridi, wala haogopi wale wakaguzi wa tiketi wanaopanda tramu ghafla na kuziba milango. Maji ndiyo anayoyaogopa. Amekulia Lubumbashi, ambako maji aliyoyajua yalitoka bombani na kuishia kwenye ndoo. Tangu aje kukaa nami Berchem-Sainte-Agathe, mtaa wa Brussels, baada ya baba kufariki, hata ule mfereji unaokata Brussels katikati huuvuka akiwa amenishika mkono, na hapo tuko juu ya daraja pana lenye magari na baiskeli.

Kwa hiyo jioni ile aliposema anakwenda kuhiji kwa boti, nilizima jiko ili nisikie vizuri.

"Umesema boti, maman?"

"Boti," alirudia, akichambua maharagwe bila kuniangalia. "Bamaman ba chorale banaenda kusini ya France, ku mer. Kuko kisiwa moja ya bamoines, batawa. Banaomba, banalima zabibu. Beko pale tangu zamani sana."

"Na maji je?"

"Yesu alitembea juu ya mayi."

"Yesu hakukulia Lubumbashi."

Hakucheka. Mama akikosa kucheka mzaha wangu, najua kuna jambo ameliweka chini ya meza. Kesho yake nilimwomba bosi wangu likizo, nikamwambia mama kwamba na mimi nina kiu ya sala. Alinitazama kwa muda mrefu kama mtu anayepima samaki kama bado ni mbichi. "Bon," akasema. "Lakini uvae kikwembe, siyo ile jeans."

Basi la mahujaji liliondokea karibu na kituo cha treni cha Gare du Nord asubuhi mapema, chini ya majengo marefu ya ofisi ambako mimi hufanya kazi siku nyingine zote. Bamaman, yaani akina mama wa kwaya, walikuwa wamefika na vikapu, thermos na mito ya kulalia. Na mlangoni mwa basi, viatu vimeng'arishwa, kofia ya sufi ya kahawia kichwani, alisimama mzee wa Bukavu.

Nilimfahamu kwa mbali. Ni mgane anayekaa mtaa wa Forest. Alifanya kazi miaka mingi kwenye kiwanda cha magari cha huko kabla hakijafungwa, na sasa ndiye sauti nzito kuliko zote kwenye kwaya, ile inayofanya viti vya kanisa vitetemeke. Nilikuwa sijajua kwamba anamfahamu mama zaidi ya salamu ya amani. Ndani ya basi alikuwa ameshika viti viwili, kimoja kwa mwili wake na kingine kwa koti lake. Mama alipopanda, koti likaondoka.

"Bonjour, ma fille," aliniambia kwa upole mkubwa wa baba kwa binti. "Kule nyuma kuko nafasi mingi."

Nilisafiri Ufaransa nzima karibu na choo, pembeni ya maman mmoja aliyebeba mayai ya kuchemsha ya kutosha kulisha parokia. Kila nilipoinua shingo niliona kofia ya kahawia ikiinama upande mmoja na kitambaa cha mama kikiinama upande wa pili. Mama alikuwa anacheka. Kilikuwa kicheko cha msichana aliyetumwa sokoni na kuambiwa asiharakishe.

"Mimi nilizaliwa kando ya ziwa, maman," nilimsikia mzee akisema. "Kivu ile, tuliogelea mbele ya kujua kutembea. Usiogope. Mayi inanijua."

Maman wa mayai alinigusa kiwiko. "Uko naona?"

"Niko naona," nikajibu.

"Basi kula yai."

Tulilala kwenye nyumba ya wageni ya kanisa, na asubuhi tukateremka bandarini. Boti ilikuwa nyeupe, yenye mabenchi juu na kipaza sauti. Mama alisimama gatini akaitazama jinsi ilivyokuwa inapanda na kushuka. Mzee akampa mkono. Mama akaushika, akafumba macho, akapanda, akaketi katikati kabisa ya benchi na kuanza rozari. Mimi niliketi nyuma yao, kama inavyomfaa mtoto anayemchunga mzazi wake.

Mwanzoni palikuwa pazuri kupita kiasi. Mwongoza watalii alituonyesha majumba ya matajiri yaliyojificha kwenye misonobari, majabali mekundu yanayoteremka moja kwa moja baharini, ngome ya zamani, na pango ambalo alisema wavusha magendo walilitumia zamani. Mzee wa Bukavu aliongeza maelezo yake kwa kila jambo. Jabali likionyeshwa, Kivu kulikuwa na kubwa zaidi. Ndege akipita, Kivu ndege huyo huyo alikuwa mnono. Mama aliendelea na rozari, lakini jicho moja lilikuwa limeshafunguka.

Kisha boti ikapita rasi na kuingia mahali ambapo hapakuwa na kinga ya upepo. Bahari ikainuka. Mzee alikuwa katikati ya sentensi kuhusu sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani kwao, na jinsi wanavyokaangwa. Alifika kwenye neno "mafuta" akanyamaza. Niliona shingo yake ikibadilika rangi. Aliinuka taratibu, kwa heshima, kama mtu anayekwenda kupokea komunyo, akafika ukingoni, akavua kofia, na kiamsha kinywa chote kikaenda baharini. Kofia haikusalimika.

Kilichofuata ndicho kilichonishangaza. Mama yangu, asiyevuka mfereji bila kushikwa mkono, aliirusha rozari mapajani mwangu, akatembea moja kwa moja kwenye sakafu ile inayocheza, akamkamata mzee mkanda wa suruali kwa mikono yote miwili asije akaanguka. Akasimama pale, miguu imetanuka, kitambaa kinapepea, maji yanamrukia usoni.

"Tosha yote, papa," alimwambia, yaani atoe yote yaliyomo. "Tosha tu. Mi niko nakukamata."

Bamaman wa kwaya, kwa huruma, wakaanza wimbo kwa sauti ya chini. Bahati mbaya waliuchagua ule tunaouimba jeneza linapotoka kanisani.

Mama aligeuza kichwa bila kuachia mkanda. "Muache ile wimbo. Muntu hayakufa."

Wakaacha. Mtalii mmoja wa Kiholanzi aliyekuwa amejiunga nao kwa mluzi naye akaacha.

Kisiwani, monasteri ilikuwa nyuma ya mashamba ya mizabibu, kuta zake zimepauka kwa jua na chumvi, na mnara wa ngome ukingoni mwa maji, uliojengwa kuwakinga watawa na maharamia. Mtawa mzee mwenye kanzu nyeupe alitusubiri langoni. Alitukaribisha kwa maneno machache, kisha akaweka kidole midomoni. Kuanzia pale ndani, alisema, hakuna kuongea mpaka tutakapotoka.

Kwa kundi letu hilo lilikuwa tendo gumu la imani. Lakini tungaliweza, kama isingalikuwa mkoba.

Mzee bado alikuwa anayumba, hivyo mama alimshika mkono. Kumshika vizuri kulihitaji mikono yote miwili, na mama alikuwa na mkoba wake mkubwa wa ngozi nyekundu, ule wa sherehe. Akampa mzee aushike. Mzee akautia kiwikoni. Na hivyo wakaingia mbele yetu kwenye uwanja wa ndani uliozungukwa na nguzo, polepole, yeye na viatu vyake vilivyong'arishwa, na mkoba mwekundu ukining'inia mkononi mwake kana kwamba umezaliwa hapo.

Kwetu mwanaume wa umri ule habebi mkoba wa mwanamke. Atabeba gunia, atabeba jokofu, hata mkwe akiugua atambeba. Mkoba habebi, ila kama ameshaamua jambo. Bamaman wote waliona, na hakuna aliyeweza kusema neno.

Sijawahi kuona kimya kizito namna ile. Maman wa mayai alinifinya mkono hadi nikaumia. Mwingine alijifunika uso kwa leso, mabega yakitetemeka, na mtawa akamtazama kwa upendo, nadhani akidhani ameguswa na Roho. Kwenye kanisa dogo tulikaa nyuma yao wawili tukitazama migongo yao. Mama alijaribu kumuuliza kwa ishara kama tumbo limetulia, akazungusha mkono juu ya tumbo lake mwenyewe. Mzee hakuelewa, akadhani ana njaa, akafungua mkoba kumtafutia biskuti. Alifungua mkoba. Nilisikia pumzi za wanawake wote zikiingia kwa pamoja.

Tulipovuka lango kutoka nje, sentensi zote zilizozuiwa zilitoka kwa mkupuo. Kifaransa, Kiswahili cha Lubumbashi, cha Bukavu, Kilingala kidogo kwa mkazo. Nilisikia "alifungula sakosh", kafungua mkoba, kutoka pande zote. Mama alijifanya anasoma kibao kinachoeleza historia ya mnara. Kilikuwa kimeandikwa kwa Kijerumani.

Tukiwa gatini kungoja boti, mzee alinivuta pembeni.

"Ma fille, nataka kusema na wewe mbele ya kupanda. Nikishapanda ile kintu, sitaweza kusema tena mpaka ng'ambo."

"Nakusikiliza, papa."

"Bon. Kaka ya mama yako eko Lubumbashi. Ni mbali. Wewe uko hapa, donc nakuuliza wewe." Alikuwa anaizungusha kofia aliyoifua kwa maji ya bahari, ambayo sasa ilikuwa na umbo la chapati. "Mimi niko peke yangu pale Forest na televisheni. Naomba kukuya kumusalimia mama yako. Siyo kama muntu ya chorale tu. Kama… unaelewa."

Nilielewa. Ghafla nilikuwa mjomba, na sikuona sababu ya kuharakisha.

"Unajua kupika, papa?"

"Sambaza. Na bugali."

"Unakoroma?"

Alifikiri kwa uaminifu. "Bibi yangu, Mungu amupumuzishe, alisemaka ndiyo."

Boti ikapiga honi. Niligeuka, na mama alikuwa hatua chache nyuma yetu.

"Munaongea nini?"

"Hali ya hewa," tukasema wote wawili.

"Upepo inaleta yote huku," mama akasema. "Munanipatana bei sawa mbuzi ku soko. Na mimi hakuna muntu ameniuliza."

Mzee akavua kofia ambayo hakuwa ameivaa, maana yake aliipeleka kichwani kisha akaishusha. "Nakuuliza, maman."

"Hapa, hapana. Bamaman banatuangalia sawa cinéma. Panda kwanza."

Akampandisha yeye, akamweka katikati ya benchi, akamwambia atazame mbali kwenye mstari wa ardhi na asifumbe macho. Boti ilipoanza kwenda akamgeukia. "Sasa, uliza."

Mzee alikuwa amebana midomo kwa nguvu zake zote. Aliinamisha kichwa mara moja, kama anayeomba, kwa tahadhari kubwa.

"Bon, nimesikia," mama akasema. "Nitafikiri."

Kisha akaenda ukingoni, akashika reli, akainama kuyatazama maji kwa karibu. Alikaa pale safari yote. Alimuuliza mwongozaji jina la kila ndege, na yule kijana, aliyezoea watu wasiosikiliza, alimjibu kwa furaha mpaka bandarini.

Alifikiri majira yote ya baridi. Mjomba wa Lubumbashi aliulizwa kwa simu, akatoa ruhusa na kuomba saa ya mkononi. Baada ya Pasaka walioana kanisani, na kwaya ilikosa sauti nzito siku hiyo kwa sababu mwenyewe alikuwa mbele akilia.

Padri alishangaa aliposikia kwamba kila mmoja atabaki na nyumba yake, mama Berchem, mzee Forest, na kwamba watakuwa wanatembeleana kuanzia Ijumaa hadi Jumatatu.

"Mon père, tunapendana," mama alimweleza. "Lakini yeye anaangaliaka mupira, na mimi ninalala mapema."

Padri akanigeukia mimi, kama vile mzazi ndiye mimi. Nilimwambia nimejaribu kuongea nao, hawasikii.