Mshale Wenye Mistari Mitatu

Siku yangu ya kwanza kazini, katika zahanati moja upande wa Ogembo, Sista Msimamizi alinikabidhi sufuria ya kuchemshia sindano za kioo. "Hapa hatuulizi mtu ametoka upande gani wa mpaka," akasema. "Tunauliza anaumwa wapi." Nikaitikia upesi, nikitaka sifa. Nyinyi mnaotumia sindano mara moja na kuitupa, hamjui tulivyotoka jasho juu ya sufuria ile.

Miaka hiyo ya sitini ng'ombe wakiibwa, vijana walifuata na mishale, nasi tulibaki kushona majeraha. Mchana mmoja polisi walituletea kijana wa kabila la ng'ambo ya mpaka, mshale umezama chini ya bega, wakarudi mpakani. Mshale wenye ndoano hauvutwi, maana hutoka na nyama. Unakatwa mti wake, chuma anaachiwa daktari wa Kisii. Sista alishika msumeno, mimi nikamshika mgonjwa. Mti ulipokatika niliona mistari mitatu iliyochomwa kwa moto. Kila mwenye upinde alikuwa na alama yake, na hii ilichomwa jikoni kwa mama, nikiangalia. Ilikuwa ya mdogo wangu, Nyakundi.

Nje kelele zilianza. Dirishani niliwaona vijana wa kwetu na pinde zao, Nyakundi mbele; walimtaka yule majeruhi.

"Sista, nitatoka mimi."

"Wewe? Si unatetemeka!"

"Natetemeka, lakini aliye mbele yao namjua."

Nilificha kile kipande cha mti ndani ya aproni, nikatoka na kufunga mlango nyuma yangu.

"Kerubo, toka hapo mlangoni!" Nyakundi alifoka.

Nilimsogelea, nikamwonyesha yeye peke yake. "Akifa, ni nani amemuua?"

Alikodoa macho, kisha akawageuza wenzake. Waliondoka wakinitukana. Jioni Landrova ikampeleka mgonjwa Kisii, na baada ya wiki tatu dereva akaniambia ametoka wodini kwa miguu yake.

Nilihamishiwa Kebirigo, kisha Nyamira, hadi nikastaafu. Nyakundi hakushika upinde tena. Akawa mzee wa kanisa, wa kwanza kufika kila Sabato, nami nikadhani ni wokovu tu. Jambo lile hatukulitaja kamwe.

Siku ya kuniaga, watu wakisifu ujasiri wangu wa pale mlangoni, alinivuta nyuma ya jiko. Kichwa chake kilikuwa cheupe.

"Dada, yule kijana alipona?"

Nilidhani anajua. Miaka yote hiyo nilidhani anajua, nami niliogopa kulianzisha jambo lile.

"Alipona," nikamwambia. Akaketi chini, na suti yake ya kanisani, akalia.