Kanda Iliyoanikwa na Mpunga

Mama yangu aliianika kanda ya video ya harusi ya shangazi juani, kwenye turubai moja na mpunga. Kila mavuno, miaka nenda rudi. Kwake yeye, kitu chochote kilichoingiwa na unyevu wa bonde hili dawa yake ni jua. Siku aliponiletea, ganda limepinda na pumba zimejaa ndani, nilikasirika hata nikasahau kumwamkia. Kisha nikaona aibu, nikasema shikamoo.

Nina chumba mjini Ifakara, nahamishia kanda za zamani kwenye flashi. Wateja wangu ni watu ambao harusi na komunio zao zimeota ukungu kabatini. Majirani wanasema nafuga takataka. Waseme. Mimi mpaka leo sijazoea: utepe mweusi, ukiutazama hauna kitu, ukiupitisha kwenye deki wanatoka watu wanacheza, na wengine tulishawazika.

Ndani ya kanda ya mama alikuwemo baba. Alifariki mimi sijajua kutembea. Picha zake ninazo mbili, sauti yake sijawahi kuisikia, na hiyo ndiyo niliyoitamani kuliko sura.

Niliuhamishia utepe kwenye ganda zima la kanda nyingine, ya filamu ya mateke, nikaufuta kwa kitambaa laini, kipande kwa kipande, siku tatu. Nikamwita mama.

Ikatokea picha ya Kivukoni, pale mtoni kwetu, enzi za kuvuka kwa pantoni, kabla ya daraja. Bibi harusi amekaa kwenye kiti katikati ya magunia, kashikilia shela upepo usiichukue. Nyuma yake baba, mzima, anahangaika na jogoo. Alikuwa mdogo kuliko mimi nilivyo sasa. Akafungua mdomo, na kwenye spika ukaja mvumo mtupu.

Sauti hukaa pembeni mwa utepe, na pembeni ndiko pumba zilikokwangua. Nikaongeza sauti, nikabadilisha waya, wapi. Nilitaka kulia, na nilitaka kumlaumu mama na jua lake.

Mama hakunitazama. Alikuwa anamtazama mumewe, akaanza kusema taratibu, "Nipige picha na mimi, huyu jogoo ataishia kwenye sufuria."

Nikadhani anajisemea. Nikarudisha kanda nyuma. Akayasema tena, na midomo ya baba ikaenda nayo, neno kwa neno. Miaka yote hiyo mama alikuwa nayo sauti ya baba kichwani, na mimi nilikuwa naitafuta kwenye utepe.

Kwenye kioo baba akamsogelea mama, akainama juu ya mtoto aliyebebwa mgongoni. Midomo ya baba ikacheza kidogo tu.

"Hapo anakuuliza wewe," mama akasema. "Umelala, baba?"

Mtoto yule alikuwa amelala fofofo. Nikajibu mimi.

"Sijalala, baba."